KUHIFADHI MALIMAU KWA CHUMVI NYUMBANI

Wahenga walisema, akiba haiozi. Lakini kila mwenye mlimau au mndimu uani anajua kwamba usemi huo hautimii wenyewe. Msimu unapofika matunda huiva kwa pamoja, huanguka na kutapakaa chini ya mti, na mnunuzi akipita hutaja bei isiyolipa hata nauli ya kuyafikisha gulioni. Baada ya miezi michache, mwenye mti huyo huyo humtuma mtoto dukani kununua ndimu moja moja kwa ajili ya samaki wa jioni. Hasara hiyo haiandikwi katika daftari lolote, wala haisomwi katika mkutano mkuu wa mwaka, na kwa sababu hiyo wengi hudhani kwamba si hasara.

Makala haya yanaeleza njia moja ya kuizuia: kuhifadhi malimau kwa chumvi. Kazi hii haihitaji mtambo, umeme wala jokofu. Huhitaji matunda mazuri, chumvi, chombo safi cha kioo na subira ya majuma machache. Inahitaji pia kitu kimoja ambacho aghalabu hudharauliwa, nacho ni kipimo. Malimau mengi huharibika ndani ya chupa kwa sababu aliyeyatia chumvi alikisia.

Kazi ya tangu kale

Kuhifadhi malimau kwa chumvi si jambo geni katika pwani ya Afrika ya Mashariki. Mwaka 1331 msafiri Ibn Battuta, mzaliwa wa Tangier nchini Moroko, alifika Mogadishu kabla ya kuendelea na safari yake hadi Mombasa na Kilwa. Katika kitabu cha safari zake ameeleza chakula alichokaribishwa huko Mogadishu: wali pamoja na vitoweo vyake, na kando yake malimau yaliyohifadhiwa, pilipili zilizotiwa siki na chumvi, tangawizi mbichi na maembe. Mtu wa pwani anayesoma maelezo hayo leo hahitaji kufafanuliwa. Ni achari ile ile inayowekwa kando ya sinia la pilau au biriani mpaka sasa, huko Lamu, Mombasa, Tanga na Unguja.

Watu wa Moroko nao wanayo desturi hiyo hadi leo, na hutumia malimau ya chumvi kupikia kuku na zeituni. Huko Omani ndimu huchemshwa katika maji ya chumvi, kisha huanikwa juani mpaka zikakauka na kuwa nyeusi au kahawia. Njia zinatofautiana, lakini shabaha ni moja: kuufanya msimu mfupi utoshe mwaka mzima.

Jinsi chumvi inavyofanya kazi

Yafaa mtengenezaji aelewe sababu ya kila hatua, kwa kuwa mtu aliyeelewa sababu hapuuzi kanuni. Chumvi inapotiwa katika limau lililopasuliwa, huvuta maji kutoka ndani ya tunda. Maji hayo huchanganyika na chumvi na kuwa maji makali yenye chumvi na uchachu kwa pamoja. Vijidudu vingi viozeshavyo chakula haviwezi kustawi katika hali hiyo. Chumvi peke yake ingehitajika kwa wingi mno. Uchachu wa limau huisaidia, na hivyo viwili hulinda tunda kwa ushirika.

Wakati huo huo ganda hulainika, uchungu wake hupungua, na mafuta yenye harufu nzuri yaliyomo gandani huenea katika maji. Ndiyo maana katika malimau ya chumvi ganda ndilo lenye thamani kubwa, ingawa katika limau bichi ganda ndilo linalotupwa.

Adui mmoja hubaki, naye ni ukungu. Ukungu huweza kuvumilia uchachu na hata chumvi, lakini hauwezi kuishi pasipo hewa. Kwa hiyo limau lililozama chini ya maji yake huwa salama, na limau lililochomoza juu huwa mlango wa uharibifu. Msomaji asahau mengine yote, lakini asisahau hili.

Kuchagua matunda

Yachaguliwe malimau yaliyoiva, yenye ganda la manjano, mazito mkononi, yasiyo na jeraha wala doa laini. Tunda lililookotwa chini ya mti likiwa limepasuka lisitumike. Likamuliwe siku hiyo hiyo kwa matumizi mengine. Ni heri kuchuma asubuhi na kufanya kazi siku hiyo hiyo. Yakichumwa matunda ya mti ulionyunyiziwa dawa, siku za kungoja zilizoandikwa kwenye chombo cha dawa hiyo ziwe zimekwisha, kwa kuwa hapa ganda lenyewe ndilo litakaloliwa.

Ndimu nazo hufaa, na hutengenezwa kwa njia hii hii. Ganda lake ni jembamba na ladha yake ni kali zaidi, kwa hiyo zichaguliwe zilizoanza kugeuka manjano.

Chumvi na kipimo chake

Kipimo ni rahisi kukumbuka: sehemu moja ya chumvi kwa sehemu nane za malimau, kwa uzito. Kilo 2 za malimau huhitaji robo kilo ya chumvi. Kilo 4 huhitaji nusu kilo. Kilo 8 huhitaji kilo moja.

Neno uzito limetajwa kwa makusudi. Wengi wamezoea kutia chumvi kwa konzi au kwa kikombe. Konzi ya mtu mmoja si konzi ya mwingine. Kikombe nacho hudanganya, kwa kuwa kikombe cha chumvi ya mawe, yenye nafasi kati ya chembe na chembe, huwa chepesi kuliko kikombe kile kile cha chumvi laini. Watu wawili wanaweza kufuata maelezo yale yale kwa kikombe, mmoja akafanikiwa na mwenzake akatupa chupa nzima, kisha wakalaumu mti au mwezi.

Asiye na mizani asikate tamaa. Chumvi ya dukani huuzwa katika pakiti zenye uzito ulioandikwa, na malimau yanaweza kupimwa kwa muuza duka. Pakiti ya nusu kilo ichukuliwe kwa kilo 4 za matunda, basi. Katika vyama, ikumbukwe kwamba mizani ya ghalani ipimayo magunia haifai kupima robo kilo; itafutwe mizani ndogo.

Chumvi ya kawaida yenye madini joto hufaa bila wasiwasi. Chumvi ya mawe kutoka mashamba ya chumvi ya pwani hufaa pia, maadamu ni safi, haina mchanga, na imetwangwa ili iyeyuke upesi.

Chombo

Chombo bora ni chupa ya kioo yenye mdomo mpana na kifuniko cha plastiki. Kilo 2 za malimau zilizoshindiliwa huenea katika chupa ya lita 3, au katika chupa mbili za lita moja na nusu. Sufuria ya alumini, debe na kopo la bati hayafai hata kidogo, kwa sababu chumvi na uchachu hula madini na kuyaingiza katika chakula. Kifuniko cha bati nacho hushika kutu.

Hapa pana onyo ambalo kila katibu wa chama cha wakulima anapaswa kulirudia mbele ya wanachama. Chombo chochote kilichowahi kubeba dawa ya kunyunyizia mikorosho, kahawa au pamba, kilichokuwa na mrututu, au kilichokuwa na mafuta ya taa, hakifai kuwekea chakula, hata kama kimeoshwa mara kumi kwa maji ya moto na sabuni. Uchachu wa limau huweza kuitoa sumu iliyojificha. Chombo cha namna hiyo kitobolewe ili asije mtu akakitumia, kisha kitupwe kwa kufuata maelezo ya dawa yenyewe.

Chupa safi ioshwe kwa sabuni, isuuzwe, kisha itandikiwe kitambaa ndani ya sufuria ya maji baridi na ichemshwe kwa dakika 10. Chupa ya baridi isitumbukizwe katika maji yanayochemka, maana itapasuka. Ipoe na kukauka yenyewe, isifutwe kwa kitambaa cha jikoni.

Namna ya kutengeneza

Kwa chupa ya lita 3 yaandaliwe malimau kilo 2, chumvi robo kilo, na malimau mengine au ndimu kama kilo moja kwa ajili ya kukamua maji yake.

Kwanza, malimau yaoshwe kwa maji ya vuguvugu na kusuguliwa ganda kwa brashi laini au kumbi safi la nazi, kisha yafutwe yakauke kabisa.

Pili, kila limau likatwe ncha zote mbili kidogo, lisimamishwe, na lipasuliwe sehemu nne kutoka juu kwenda chini, lakini kisu kisimame kabla ya kufika mwisho ili vipande vibaki vimeshikana kwenye kitako. Kokwa zinazoonekana zitolewe.

Tatu, chumvi yote iliyopimwa iwekwe katika bakuli. Vijiko viwili vitandazwe chini ya chupa. Kila limau lifunuliwe kama ua, lishindiliwe chumvi ndani, lifungwe na liwekwe ndani ya chupa. Malimau yakandamizwe kwa mwiko wa mti mpaka yatoe maji na yabanane pasipo nafasi. Chumvi iliyobaki imwagwe juu. Isibaki katika bakuli hata chembe, kwa kuwa kile kilichopimwa ndicho kinachohitajika.

Nne, maji ya limau au ndimu yaliyokamuliwa na kuchujwa yamiminwe mpaka yayafunike malimau yote kwa kina cha upana wa kidole kimoja. Maji matupu yasiongezwe, kwani hupunguza nguvu ya chumvi na ya uchachu.

Tano, iwekwe juu yake sahani ndogo au kikombe kidogo cha kioo ili kuyazuia malimau yasielee. Wako watumiao jiwe. Jiwe la matumbawe, ambalo ndilo lililo karibu na mkono wa mtu wa pwani, lisitumike kamwe. Jiwe hilo ni la chokaa. Likikutana na maji ya limau hutoa mapovu na kuyeyuka kidogo kidogo, na kuua uchachu ule ule unaolinda chakula.

Kungoja

Kwa siku tatu au nne za mwanzo, chupa ifunguliwe mara moja kila siku, malimau yakandamizwe kwa mwiko safi uliokauka, na maji ya limau yaongezwe endapo yamepungua. Hewa ikitoka kwa mlio mdogo wakati wa kufungua, hilo si baya. Ni dalili kwamba kazi inaendelea. Kifuniko kisikazwe mno katika siku hizo.

Baada ya hapo chupa ikazwe na iwekwe mahali penye kivuli. Desturi ya pwani ya kuitoa chupa juani mchana na kuirudisha ndani jioni inafaa pia, na huharakisha ganda kulainika. Kwa vyovyote vile, malimau yasiliwe kabla ya majuma manne. Wenye uzoefu hungoja siku 40. Yamekuwa tayari pale ganda linapokuwa laini, linapopitisha mwanga kidogo, na linapokatika kwa kijiko pasipo nguvu. Subira huvuta heri. Atakayefungua siku ya kumi atakuta chumvi kali na ganda chungu, na atasema kwamba njia hii haifai.

Dalili nzuri na dalili mbaya

Maji kuwa mazito na yenye utelezi kidogo ni jambo la kawaida. Malimau kugeuka rangi kuelekea dhahabu au kahawia ni kawaida pia. Utando mweupe, mwembamba na usio na manyoya juu ya maji ni aina ya hamira ya asili. Uenguliwe, malimau yakandamizwe, na maji ya limau yaongezwe.

Lakini ukungu wenye manyoya, wa rangi ya kijani, nyeusi, bluu au waridi, ni jambo jingine. Kuondoa sehemu iliyoota na kula iliyobaki ni kosa, kwa kuwa sumu ya ukungu huweza kuenea pasipoonekana kwa macho. Chupa yenye ukungu wa namna hiyo, au yenye harufu ya kuoza, imwagwe yote. Inauma kumwaga kazi ya majuma sita, lakini hasara ya chupa moja ni ndogo kuliko hasara ya mtu mmoja kulazwa hospitali.

Baada ya kufunguliwa, malimau yatolewe kwa kijiko safi na kikavu, wala si kwa vidole. Yakizama chini ya maji yake, na chupa ikikaa mahali pa baridi, huweza kutumika kwa miezi sita na hata zaidi.

Matumizi

Limau litolewe, lisuuzwe kwa maji safi, na ganda likatwe vipande vidogo. Hutiwa katika mchuzi wa samaki au kuku dakika chache kabla ya kuepuliwa, katika maharage, katika kachumbari, au huliwa pamoja na wali. Atakaye achari kali achukue malimau yaliyokwisha kuwa tayari, ayakate vipande, na ayachanganye na pilipili, tangawizi na kitunguu saumu, kisha ayarudishe katika maji yake. Chakula kilichotiwa limau hili kisitiwe chumvi nyingine kabla ya kuonjwa.

Kuhusu chumvi, ukweli usemwe. Shirika la Afya Duniani linashauri kwamba mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani kijiko kimoja cha chai. Kwa kipimo kilichoelezwa, limau la gramu 120 huwekewa gramu 15, ambazo ni kiasi cha siku tatu. Kwa hiyo hiki ni kiungo cha kuonjesha chakula, wala si tunda la kula zima. Mwenye shinikizo la damu apate kwanza ushauri wa mganga.

Endapo chama kinataka kuuza

Huenda kikundi cha wanachama, aghalabu akina mama, kikaona kwamba kazi hii inaweza kuleta fedha. Wazo hilo ni jema, lakini lina masharti yake.

Chukulia kwamba wanachama kumi wameleta malimau, na kila mmoja ametia chumvi nyumbani kwake kwa konzi yake. Chupa zote zinapewa jina la chama na kupelekwa sokoni. Chupa tisa ni nzuri, ya kumi imeota ukungu. Mnunuzi aliyeipata ile ya kumi hatasema kwamba fulani alikisia chumvi. Atasema kwamba achari ya chama kile ni mbaya. Hivyo watu tisa waliopima wanabeba mzigo wa mmoja aliyekisia. Katika ushirika faida ni ya wote, na aibu pia ni ya wote.

Kwa sababu hiyo, matunda yapokelewe mahali pamoja, yapimwe kwa mizani moja mbele ya mwenyewe, na yatiwe chumvi kwa kipimo kimoja. Katibu aandike katika daftari jina la mwanachama, kilo alizoleta, tarehe, uzito wa chumvi, nambari ya chupa na tarehe itakayofunguliwa. Matunda ya siku mbili tofauti yasichanganywe katika chupa moja. Mali bila daftari hupotea bila habari. Na chupa isiyo na tarehe ni mali ya namna hiyo.

Hesabu ya gharama ifanywe kabla ya kutaja bei. Iingizwe thamani ya malimau, hata kama yametoka uani; chumvi; kuni au mkaa wa kuchemshia; nauli; na hasa chupa, ambayo mara nyingi hugharimu kuliko kilichomo ndani yake. Zihesabiwe pia chupa zitakazoharibika. Bei isiyofikiria mambo hayo humfanya mwanachama afurahie fedha mkononi ilhali anakula mtaji wake.

Mwisho, chakula cha kuuzwa kina sheria zake. Katika Tanzania Bara usimamizi wa usalama wa chakula ulihamishiwa Shirika la Viwango, TBS, mwaka 2019, na nchini Kenya viwango vya bidhaa husimamiwa na KEBS. Shirika la Kuhudumia Viwanda Vidogo, SIDO, lililoanzishwa mwaka 1973, limekuwa likitoa mafunzo ya usindikaji kwa vikundi vidogo. Kamati ya chama ipate maelekezo ya vyombo hivyo kabla ya kubandika lebo ya kwanza, wala si baada ya malalamiko ya kwanza.

Kwa kuanza, chupa moja inatosha. Katibu na wajumbe wa kamati waitengeneze mbele ya wanachama kwa kilo 2 za malimau na robo kilo ya chumvi, waandike tarehe juu yake, na waiweke ofisini mahali ambapo kila aingiaye ataiona. Baada ya siku 40 ifunguliwe katika mkutano, ionjwe pamoja na wali, na kila mwanachama apeleke nyumbani alichokiona kwa macho yake. Msimu ujao, kabla malimau hayajaanza kuanguka, chupa na chumvi ziwe zimekwisha kununuliwa.